Mguu Mmoja Mistari Miwili, Mwingine Mitatu

Wewe msomaji, umenichosha. Wiki hii peke yake watu kumi na saba wamenitumia picha za miguu. Hakuna salamu, hakuna jina, miguu tu, halafu chini swali lilelile: kiatu cha kahawia, suruali ya buluu, soksi nivae rangi gani? Mmoja amejipiga picha akiwa kanisani, mguu wa jirani unaonekana pembeni. Mwingine katuma picha tatu za miguu ileile na soksi zilezile, ati mwanga tofauti. Na nikikujibu unarudi kuniambia mtu fulani kasema vingine. Kama mtu fulani kasema, mimi unaniuliza nini?

Unataka sheria ya soksi. Sina. Leo nakupa mtu badala ya sheria. Kaa, soma mpaka mwisho, maana mwisho nina shida na wewe.

Mtu mwenyewe anaitwa Jacques. Kama umewahi kununua soksi katika soko la Arua, umemwona hata kama hukumtazama. Kijana mwembamba, amekaa juu ya belo, lile furushi kubwa la nguo kuukuu, miguu amekunja, na mbele yake mlima wa soksi za mivumba, yaani mitumba. Kuuza kwake ni kitu cha dakika moja. Kazi yenyewe ni kutafutia soksi mwenzake. Belo likifunguliwa hakuna hata moja inayokuja na ya pili yake, zote zimevurugwa huko zilikotoka kama maharage ya mbegu kumi. Jacques anachukua moja, anavuta mpira wa juu, anapima kisigino kwa kidole gumba, anaiweka kwenye paja. Anachukua nyingine, anavuta, anapima, anatupa. Ya tatu, ya nne. Ghafla anakunja mbili pamoja na kuzirusha upande wa kulia, na amekwisha kushika nyingine. Wanawake wa sokoni wanamwita Bwana Pea.

Kazi hiyo alifundishwa na baba yake mdogo, Mzee Kambale, mwaka ule alipofika kutoka Butembo, akiwa na miaka kumi na tisa, hajui Kilugbara, hajui Kiingereza. Mzee alimpa somo moja tu.

"Usiangalie rangi," alimwambia. "Rangi itakudanganya, moja imefuliwa sana, ingine kidogo. Shika mpira. Mpira na kisigino vikisema ndiyo, hiyo ni pea."

Weka hilo kichwani. Jacques anashika, haangalii.

Siku moja msichana anayeitwa Poni alikuja kwenye meza yake akitafuta soksi nyeupe za watoto arobaini. Anafundisha watoto wadogo huko Koboko, na shule ilikuwa na sherehe. Jacques alikuwa na rundo la soksi za watoto, lakini zote hazijapata wenzao. Akamwambia asubiri. Poni akakaa kwenye belo lingine, akamtazama mtu akivuta na kupima na kukunja saa mbili nzima bila kuinua kichwa. Alipofika pea ya arobaini, Jacques aliinua macho na kumuuliza kama hana njaa. Basi. Hayo mengine watu wazima mnajua yanavyokwenda.

Mwezi wa pili mwaka huu Jacques alienda Koboko kujionyesha nyumbani kwao Poni. Walikwenda wawili, yeye na Mzee Kambale kama msemaji. Njiani, walipopita Aroi, mzee akaanza kumweka sawa.

"Nyumba ile ina heshima yake. Mama wa binti, usimsemeshe. Usimwangalie usoni. Na yeye hatakuangalia."

"Hata kidogo?"

"Hata kidogo. Macho chini mpaka siku wewe unaleta mbuzi ya kufungua macho. Siku hiyo ndiyo atakuona sura."

"Sasa atanijua namna gani?"

"Si kazi yako hiyo. Wewe kaa, nyamaza."

Jacques alikaa na kunyamaza. Viatu waliacha mlangoni, kwa sababu sakafu ya pale inapigwa rangi nyekundu na kung'arishwa kila Ijumaa, na hakuna mtu anaikanyaga na kiatu. Wageni walipewa viti. Mama Jale, yaani mama yake Poni, alikaa kwenye mkeka karibu na mlango wa ndani, kitambaa kichwani, macho chini. Mtoto wake mkubwa, Jale, ndiye alikuwa mdomo wake: mama anasema polepole kwa Kikakwa, Jale anageuza Kiswahili. Upande huu Mzee Kambale anajibu. Jacques hakutoa sauti hata ya kukohoa.

Ilikwenda vizuri. Mama alikuwa ametazama chini kwa bidii mpaka Jacques akadhani amepoteza sindano. Mwisho aliomba jambo moja tu, kwamba mgeni apewe karanga za kwenda nazo. Mfuko mzima. Mzee Kambale alimwambia njiani kwamba mama mkwe akitoa karanga siku ya kwanza, nusu ya kazi imekwisha.

Siku hiyo Jacques alikuwa amevaa suruali ya kaki, shati jeupe, na soksi za kijani, ule ukijani wa chupa ya soda, zenye mistari ya njano juu karibu na mpira. Hakuzichagua. Zilikuwa juu ya rundo asubuhi, akavuta mpira, akavaa. Maana sikiliza: huyu mtu hana soksi zake. Soksi zake zote ni za kuuza. Anavaa, anafua, anaanika, anarudisha mezani. Ndiyo, hata wewe huenda umenunua iliyotoka mguuni kwake. Usikunje pua. Ulifikiri soksi ya mivumba imetoka kwa malaika?

Zile za kijani zilirudi mezani Jumatatu. Jumanne zikauzwa.

Mambo yalianza kuharibika alipofurahi na kuwasimulia watu.

Wa kwanza kusikia alikuwa Saturnino. Huyu ni mtu wa Yei, anashughulikia mizigo ya malori ya kwenda Juba, na lori lisipokuja anakuja kukaa sokoni. Hajawahi kuonekana bila suti. Jua linawaka mpaka mbwa wanalala chini ya meza, Saturnino amefunga vifungo vyote viwili.

"Wewe ulikwenda kwa wakwe na soksi ya kijani," akasema. Hakuuliza, alisema.

"Ya kijani, ndiyo. Na mistari."

"Na mistari." Saturnino akageukia watu wa meza za jirani kama anaita mashahidi. "Ya zol, bwana wewe, unauza soksi miaka sita na hujui soksi. Soksi inafuata kiatu. Kiatu nyeusi, soksi nyeusi. Iko ndefu, mpaka hapa, ukikaa nyama ya mguu isionekane. Mtu mkubwa haonyeshi nyama ya mguu kwa mama mkwe."

"Lakini alinipa karanga."

"Alikuhurumia."

Karanga zilikuwa bado nyumbani, amebakiza nusu, na usiku ule Jacques hakuzila.

Safari ya pili, baada ya Pasaka, alivaa nyeusi. Suruali nyeusi, viatu vyeusi vya Mzee Kambale vilivyombana, soksi nyeusi ndefu mpaka karibu na goti. Viatu viliachwa mlangoni kama kawaida, kwa hiyo ile kazi yote ya soksi kufuata kiatu ilibaki nje na viatu. Ndani ilikuwa soksi nyeusi peke yake juu ya sakafu nyekundu.

Mama Jale alitazama chini. Alitazama kwa muda mrefu kuliko mara ya kwanza. Halafu akasema kitu kwa Jale, na Jale akakunja uso kidogo, akageuza:

"Mama anaomba mgeni atufungulie kwa sala."

Jacques akamtazama Mzee Kambale. Mzee akamtazama Jacques. Labda ni mtihani. Jacques akasimama, akafumba macho, akasali. Aliombea nyumba, akaombea mvua, akaombea watoto wa shule ya Poni, akaombea barabara ya Koboko, na alipokosa vya kuombea akaanza upya na nyumba. Aliposema amina mama alitikisa kichwa kwa heshima kubwa. Karanga hakutoa.

"Ilikuwa mtihani," Mzee Kambale alisema njiani. "Nafikiri."

"Nimepita?"

"Umesali vizuri. Lakini karanga..."

Ndipo dada yake Jacques akaingia. Alphonsine anauza vitenge mstari wa pili kutoka kwake, na ni mkubwa wake kwa miaka saba, kwa hiyo hamuulizi kama anataka maoni. Alikuja na kitenge begani, akamkuta Saturnino amekaa pale, akaanza na Saturnino.

"Ni wewe ulivalisha mdogo wangu kama mutu ya kuzika?"

"Nilimvalisha kama mwanaume, mama."

"Kama sanduku la maiti. Soksi inafuata suruali, haifuati kiatu. Kiatu kinabaki mlangoni, suruali inaingia na wewe mpaka ndani. Sasa kati ya hivyo viwili, soksi ifuate nani?"

Hapo Jacques akaona dada yake ana akili. Lakini Saturnino hakukubali kirahisi.

"Kwa Juba, mtu wa suruali ya buluu na soksi ya buluu tunajua ni mlinzi wa hoteli."

"Hatuko Juba."

"Na mtu wa Congo, tunajua mguu wake unang'aa mpaka unafika kwanza, yeye mwenyewe anakuja kesho."

"Yaya, dada yangu, basi," Jacques akasema. "Mimi nivae nini?"

"Buluu," akasema Alphonsine.

"Nyeusi," akasema Saturnino.

Mwenye meza ya mishumaa, ambaye hakuna mtu alimuuliza, akasema soksi inafuata tai. Mteja mmoja aliyekuwa anachagua za kuchezea mpira akasema nyeupe inakwenda na kila kitu. Wote wakamgeukia yule wa nyeupe, na kwa mara ya kwanza siku hiyo Alphonsine na Saturnino walikuwa upande mmoja.

Jacques alirudi kwenye rundo lake na kukuta ameshika soksi moja muda wote huo bila kuivuta. Miaka sita amegusa soksi labda laki moja. Kila moja amejua mwenzake ni yupi. Hakuwahi kujiuliza soksi inakwenda na suruali gani, kiatu gani, mtu gani. Akaona ni kama mpishi ambaye hajawahi kula.

Mwezi wa sita alikwenda na buluu.

Safari ya tatu ndiyo ya jibu, kwa nyumba ile. Ya kwanza unaonekana, ya pili unaulizwa, ya tatu mama anasema neno, na neno likisemwa, wanaume wanaweza kukaa kupanga siku na vitu vya kuleta. Bila neno la mama hakuna mtu anapanga kitu. Jacques alijua hivyo. Poni alijua hivyo, alikuwa nyuma ya pazia anasikiliza.

Mama Jale alitazama zile soksi za buluu. Akasema maneno machache. Safari hii Jale hakugeuza mara moja. Alimwinamia mama, wakanong'ona. Akanyooka, akajikuna shingo.

"Mama anauliza," Jale akasema, "na huyu wa leo ni nani?"

Mzee Kambale alikohoa.

"Ni yule yule. Ni mtoto wangu Jacques."

Jale akamwambia mama. Mama akajibu, na sauti yake haikuwa kali. Ilikuwa sauti ya mtu anayeuliza bei.

"Mama anasema yule wa kwanza alimpenda. Yule mchungaji wa pili pia alikuwa mtu mzuri, alisali sana. Lakini huyu wa tatu hamjui, na anaomba msimchanganye. Binti ni mmoja."

Walirudi Arua bila neno na bila karanga. Mzee Kambale alikuwa na hasira, lakini hakujua amkasirikie nani, kwa hiyo alimkasirikia dereva.

Jioni Poni alipiga simu.

"Jacques, wewe ulikuwa unabadilisha soksi?"

"Mutu anabadilisha soksi, Poni. Ni usafi."

"Mama hakuona sura yako. Hajasikia sauti yako, ukitoa ile sala. Yeye anakujua kwa miguu. Mara ya kwanza kijani, mara ya pili nyeusi, mara ya tatu buluu. Kwake wamekuja wanaume watatu."

"Sasa si Jale amwambie?"

"Jale alimwambia. Mimi nilimwambia. Shangazi alimwambia. Unajua alijibu nini? Alisema, nyinyi mnaona sura, mimi sura nimekatazwa. Nimepewa miguu. Sasa hata miguu mnataka nisiamini."

Jacques alitaka kucheka, halafu hakutaka.

"Ainue macho mara moja tu," akasema. "Sekunde moja. Nani atajua?"

"Yeye atajua."

"Basi nikuje bila soksi."

"Miguu yako mitupu hajaiona. Utakuwa wa nne."

Kwa hiyo kazi ilikuwa wazi: soksi za kijani. Na hapo Jacques alitulia, kwa sababu kama kuna mtu West Nile nzima anaweza kupata soksi ya kijani, ni yeye. Alifungua belo lake. Alizunguka kwa wauzaji wengine wote, akachimba marundo yao na wakamwacha achimbe. Siku ya tatu, kwa mama mmoja wa Pajulu ambaye anauza Jumamosi tu, alipata moja ya kijani ileile ya chupa, mistari ya njano juu. Siku ya tano akapata ya pili. Akavuta mipira. Akapima visigino. Pea kamili. Akawaonyesha Saturnino na Alphonsine, na safari hii hakumruhusu mtu kutoa maoni.

Safari ya nne alikwenda na suruali ya kaki ileile na shati lilelile. Alikaa kwenye kiti kilekile. Aliweka miguu mbele kidogo, ionekane.

Mama Jale alianza kutazama na uso wake ukafunguka. Poni nyuma ya pazia aliona, amesema mwenyewe kwamba aliona. Mama alisogea kwenye mkeka, karibu kidogo. Kidole chake kikaanza kutembea hewani, kama mtu anahesabu kuku. Kikasimama. Kikarudi, kikahesabu tena. Halafu uso ukafungika.

Jale aligeuza maneno yake huku ameangalia ukuta.

"Mama anasema huyu anafanana na yule wa kwanza sana. Lakini yule wa kwanza, mguu wa kushoto ulikuwa na mistari miwili na wa kulia mitatu. Huyu ni miwili na miwili. Mama anasema huyu ni ndugu yake. Anamsalimu, na anauliza kaka yake atakuja lini."

Msomaji, wewe jaribu kuwa Jacques hapo. Bwana Pea. Mtu ambaye watu wanamletea soksi zao za nyumbani awatafutie ya pili. Alikwenda kwa mama mkwe, siku ya kwanza ya maisha yake pale, na soksi ambazo si pea, na hakujua. Alishika mpira, mpira ukasema ndiyo. Alipima kisigino, kisigino kikasema ndiyo. Mistari hakuhesabu. Aliyehesabu ni mwanamke aliyekatazwa kutazama kitu kingine chochote.

Na jambo linalomchanganya mpaka leo ni hili: ndizo alizozipenda. Siyo nyeusi ya Saturnino iliyonyooka, siyo buluu ya Alphonsine iliyofuata suruali. Hata zile pea kamili hazikumfaa. Zile zilizokosewa ndizo zilipata karanga.

Alimuuliza Poni kwa nini. Walikuwa wamesimama nyuma ya nyumba siku ileile, Mzee Kambale anamsubiri barabarani.

"Baba alikuwa anavaa hivyo," Poni akasema. "Moja hii, moja ile. Kila asubuhi mama anamfokea, na kila asubuhi baba anatoka hivyo hivyo. Alipokufa, mama alikuta sanduku lake, soksi ishirini na moja, hakuna hata mbili za kufanana."

"Zile soksi ziko wapi?"

"Alizizika naye zote."

"Wewe siku ya kwanza ulipoondoka," Poni akaendelea, "mama alicheka jikoni. Peke yake. Mimi sijamsikia akicheka hivyo tangu msiba. Alisema, huyu wa miwili na mitatu, huyu arudi."

"Nilirudi. Mara tatu nimerudi."

"Najua. Mimi najua."

Neno la mwisho la mama lilikuja kwa simu ya Jale siku mbili baadaye. Atakaa kwenye mkeka Jumamosi ya mwisho ya mwezi huu, mara moja zaidi. Akija yule wa kwanza, atasema neno lake hapohapo. Wakija wengine, atarudi jikoni, na Poni aache kuleta wageni. Jale aliongeza, hii ni yake mwenyewe sasa: "Shemeji, mimi nakukubali. Lakini mama akisema jikoni, ni jikoni."

Saturnino alishauri ashone mstari wa tatu kwa uzi. Alphonsine akashona, na ana mkono mzuri, lakini hata Jacques aliona. Uzi mpya unang'aa, ile njano ya zamani imepauka. Mama aliyehesabu mistari kutoka mkekani ataona mshono akiwa jikoni. Jacques aliufumua.

Ndipo akaanza kumtafuta aliyenunua.

Anakumbuka hivi. Jumanne, mvua kubwa ya ghafla. Mwanaume mmoja alikimbilia chini ya turubai lake, amelowa mpaka magotini, bahasha ya kahawia kwapani. Alisema anapanda Arua Hill kwa barua ya kiwanja na hawezi kuingia ofisini na miguu inayolia chwa chwa. Alivua soksi zake palepale, akachukua za juu ya rundo bila kuchagua, akavaa, akalipa, akaondoka. Zake zilizolowa aliacha. Jacques alizifua, akaziuza. Uso? Hakuuangalia uso. Aliangalia kisigino, na ni saizi arobaini na mbili.

Kwa hiyo wiki iliyopita, siku nne, Bwana Pea hakufungua meza. Alipanda Arua Hill asubuhi, akasimama kwenye njia ya ofisini, akatazama miguu ya watu. Siku ya pili askari wa getini, mzee anaitwa Obeti, alimfuata.

"Wewe unatafuta nani hapa?"

"Sijui jina yake, mzee."

"Iko sura gani?"

"Sura sijui."

"Sasa unajua nini?"

"Najua soksi."

Jacques akamwelezea yote, kuanzia karanga. Mzee akasikiliza mpaka mwisho, akaenda kwenye kibanda chake, akaleta kiti cha pili. Siku mbili zilizobaki walikaa pamoja getini. Kila mwanaume aliyepita Obeti alimwambia, "Mheshimiwa, inua suruali kidogo, ni mambo ya usalama," na waliinua, karibu wote waliinua bila kuuliza. Waliona nyeusi nyingi. Waliona nyeupe za kuchezea mpira ndani ya viatu vya ngozi. Waliona mkubwa mmoja, jina silitaji, hana soksi kabisa. Kijani hawakuona.

"Umejifunza nini?" Saturnino alimuuliza aliporudi sokoni.

"Kwamba hakuna mutu anafuata sheria yako."

"Wala ya dada yako."

"Wala ya Yaya."

Jacques amerudi kwenye rundo lake. Anavuta mpira, anapima kisigino, na sasa anahesabu mistari, kwa hiyo kazi imekuwa polepole na wateja wanalalamika. Karanga zilizobaki ziko kwenye kopo juu ya meza, hagusi, na mtu akinyoosha mkono anamzuia. Ukimuuliza leo soksi gani inakwenda na suruali ya kaki, anakutazama kama umemuuliza njia ya mwezini. Anasema inategemea nani atatazama. Halafu anasema hapana, sijui. Halafu anakuuliza wewe umevaa nini, na anainama kuangalia.

Imebaki siku tisa mpaka Jumamosi hiyo.

Sasa shida yangu na wewe. Kama uliwahi kukimbilia mvua sokoni Arua siku ya Jumanne, mwezi wa pili, na bahasha yako ya kiwanja, ni wewe nasema nawe. Kama ni baba yako, au mume wako, nenda kwenye sanduku lake sasa hivi. Kijani ya chupa ya soda, saizi arobaini na mbili, mistari ya njano: kushoto miwili, kulia mitatu. Hata kama kidole kimetoboka, hatutajali. Jacques atakupa pea kumi badala yake, na atazihesabu. Nilisema umenichosha na picha zako, na nilimaanisha, lakini leo nakuomba: vaa, simama penye mwanga, nitumie picha ya miguu yako. Yote miwili.